Nembo ya STS-107: ni pambo tu, au inaeleza kazi ya sayansi iliyofanywa angani?

Mwalimu wa Temeke

Ndugu wanajukwaa, salaam.

Ninasimamia klabu ya sayansi katika shule ya sekondari hapa Temeke, na mwaka huu wanafunzi wamechagua kuandaa ubao wa maonyesho kuhusu safari ya STS-107 ya Columbia, chombo cha anga cha Marekani, ile iliyoanza tarehe 16 Januari 2003 na kuishia kwa ajali ya tarehe 1 Februari, dakika kama 16 kabla ya chombo kutua. Karibu kila tunachokisoma kinahusu ajali hiyo: kipande cha povu kilichobanduka kwenye tangi la nje la mafuta wakati wa kuruka, tundu kwenye bawa la kushoto, joto la kurudi ardhini, na mabaki yaliyotawanyika Texas. Hayo ni ya kweli na yanastahili kuelezwa. Hata hivyo wanaanga saba walikaa huko karibu siku 16, wakipokezana zamu usiku na mchana, na sioni haki ubao mzima ujae dakika za mwisho huku kazi ya siku zote hizo ikipewa mstari mmoja.

Kilichonifanya niandike hapa ni nembo yao. Tumeichapa kwa rangi na kuibandika darasani. Ina umbo la chombo chenyewe, majina saba yameandikwa pembezoni, na katikati kuna alama ya µg inayopanda na kugeuka kuwa miale. Mwanafunzi mmoja wa kidato cha tatu akauliza kama hiyo si mikrogramu, ile inayoandikwa kwenye pakiti za dawa, na kama ndiyo, wanaanga walikwenda kupima kitu gani kidogo kiasi hicho.

Naomba wenye ujuzi watusaidie. Kila alama kwenye nembo ile inasimamia nini, na je, nembo hizi hubuniwa na wanaanga wenyewe au ni kazi ya ofisi ya matangazo? Kazi yenyewe ya sayansi ilikuwa ipi, na kuna lolote lililosalia, au yote yaliteketea pamoja na chombo? Zaidi ya hayo, klabu inataka kushona nembo yake, na ningefurahi kumsikia mtu anayeijua kazi ya kudarizi kabla hatujagusa fedha zilizochangwa na wazazi.

Mhadhiri wa Fizikia, Mlimani

Mwalimu, mwanafunzi wako amegusa penyewe. Mkianza na alama ile ya katikati, ubao wenu utajipanga wenyewe, kwa sababu nembo ya STS-107 imejengwa juu ya hali moja ya utafiti. Nembo nyingi za safari za anga huonyesha chombo, bendera na sayari, na mtu anaweza kuzitazama mchana kutwa asijue waliosafiri walikwenda kufanya nini.

Herufi g katika fizikia ni kiwango ambacho kitu kinachoanguka huongeza mwendo wake kutokana na uvutano wa dunia, yaani karibu mita 9.8 kwa sekunde, kila sekunde inayopita. Herufi ya Kigiriki iliyotangulia ni sehemu moja ya milioni. Mfamasia naye hutumia herufi hizohizo kwa hesabu ya gramu, kwa hiyo swali la mwanafunzi ni la haki kabisa. Kwenye nembo, alama hiyo inataja mazingira ambamo uzito karibu hauhisiwi, ambayo hapa nitayaita uvutano hafifu.

Naomba mlisimamie jambo moja mbele ya wageni wenu, kwa sababu hata watu wazima waliosoma hulikosea. Columbia ilizunguka kwenye kimo cha kilomita 278 hivi, na katika kimo hicho uvutano wa dunia bado unazidi tisa ya kumi ya ule tulio nao hapa chini. Wanaanga hawaelei kwa sababu wameukimbia uvutano. Wanaelea kwa sababu wao, chombo chao na kila kilichomo wanaanguka pamoja huku wakiizunguka dunia kwa karibu kilomita 7.7 kila sekunde, na vitu vinavyoanguka pamoja havikandamizani.

Sasa faida ya hali hiyo. Washeni kibatari mbele ya wanafunzi na muwaombe wautazame mwali. Umechongoka kwenda juu kwa sababu hewa iliyopashwa moto ni nyepesi, hupanda, na hewa mpya yenye oksijeni huingia kutoka chini kuchukua nafasi yake. Mahali pasipo na uzito hewa ya moto haina juu wala chini. Mwali huwa wa mviringo na huungua polepole, ukisubiri oksijeni isambae yenyewe hadi iufikie. Jaribio lililoitwa SOFBALL, lililoongozwa na Profesa Paul Ronney wa Chuo Kikuu cha Southern California, lilitumia hali hiyo kuwasha michanganyiko ya gesi yenye fueli haba mno, mpaka moto ukajikusanya kuwa vimpira vidogo vinavyoelea bila utambi. Kimoja kilidumu dakika 81. Vile vilivyokuwa dhaifu kabisa vilitoa nguvu ya kama nusu wati, ilhali mshumaa mdogo wa keki hutoa wati 50 au zaidi. Mtu anayetaka kusanifu injini inayounguza fueli kidogo na kuchafua hewa kidogo lazima ajue moto unaweza kuwa dhaifu kiasi gani kabla haujazimika, na hapa ardhini hewa inayopanda huvuruga kipimo hicho kabla hakijaanza. Katika mtambo huohuo walichunguza pia jinsi masizi yanavyojijenga ndani ya mwali, na jinsi ukungu mwembamba wa maji unavyoweza kuzima moto badala ya kemikali zinazoharibu tabaka la ozoni.

Kulikuwa pia na jaribio la mchanga ambalo mimi hulisimulia kila mwaka darasani. Nguzo ya mchanga iliyofungwa ndani ya ngozi ya mpira ilibanwa taratibu ili kuona punje zinavyosogeana mpaka nguzo inapoteza uimara wake. Hapa chini, uzito wa mchanga wenyewe huwa umekwishabana punje za chini kuliko za juu, na huwezi kuuondoa uzito huo ili upime kilichobaki. Swali linalofuatwa ni kwa nini ardhi yenye mchanga na maji hugeuka ghafla kuwa kama uji wakati wa tetemeko na kuachia majengo yaliyosimama juu yake. Nchi iliyopitiwa na Bonde la Ufa, na iliyoshuhudia tetemeko la Kagera la tarehe 10 Septemba 2016, haina sababu ya kuliona hilo kuwa jambo la wenzetu wa mbali.

Kuhusu michoro iliyobaki: miale mitatu inayotokana na µg ndiyo alama ya wanaanga, na imelazwa kwa pembe ya nyuzi 39 kutoka upeo wa dunia, kwa sababu njia ya chombo ilikuwa na mwinamo wa nyuzi 39 kutoka ikweta. Chukueni protrakta mpime kwenye ile karatasi mliyoichapa. Mwinamo huo una maana kwamba chombo kilipita juu ya nchi zote zilizo kati ya latitudo 39 kaskazini na 39 kusini, nasi wa Dar es Salaam, kwenye karibu nyuzi 6.8 kusini, tumo ndani ya ukanda huo. Jua linalochomoza linasimamia mapambazuko ya utafiti wa aina hii, ambao ulitazamiwa kuendelezwa katika Kituo cha Kimataifa cha Anga.

Waliobuni ni wanaanga wenyewe. Wazo lilianzishwa na Laurel Clark, daktari wa jeshi la majini la Marekani, pamoja na Kalpana Chawla, mhandisi mzaliwa wa Karnal nchini India. Chawla alikwisha kuongoza ubunifu wa nembo ya safari yake ya kwanza, STS-87 ya mwaka 1997, lakini safari hii mawazo mengi yalitoka kwa Clark, ambaye ndiyo kwanza alikuwa anakwenda angani.

Mzee wa Kigamboni

Mwalimu, mimi naongezea habari ya nyota, maana Mhadhiri ameziruka na hizo ndizo zangu.

Nyota saba zilizochorwa ni kundinyota la Njiwa, ambalo kwa Kilatini huitwa Columba. Limechaguliwa kwa kuwa njiwa ni alama ya amani na kwa kuwa jina hilo linakaribiana na la chombo. Clark alikumbusha pia kwamba katika visa vya Wayunani wa kale, mabaharia wa jahazi la Argo walimwachia njiwa atangulie ili wajue kama njia inapitika. Nyota hizo ni saba kwa idadi ya wasafiri, na vilevile kuwaenzi wanaanga saba wa kwanza wa Marekani. Zitazameni kwa makini: sita zina ncha tano, na moja ina ncha sita, kwa ajili ya mchango wa shirika la anga la Israeli, kwa kuwa Ilan Ramon alikuwa mtu wa kwanza wa nchi hiyo kwenda angani. Bendera ya nchi yake imewekwa kando ya jina lake.

Kundinyota hilo tunaliona hapa vizuri kuliko wanavyoliona wenzetu wa Marekani. Mwanzoni mwa Februari, kwenye saa tatu usiku, mtafute kundinyota la Jabari (Orion) karibu na utosi, kisha mshushe macho kuelekea Suheli, nyota ambayo manahodha wetu wanaijua. Njiwa yuko njiani kati ya hizo mbili, upande wa kusini, juu kabisa ya upeo. Nyota zake si kali, kwa hiyo msikae chini ya taa za barabarani. Huku Kigamboni, mbali na kivuko, zinaonekana bila chombo chochote. Wapelekeni wanafunzi wakaione ile nembo ikiwa juu ya vichwa vyao.

Kuna utafiti mmoja wa safari ile uliofika karibu na kwetu, nami ningetaka uwe na nafasi kwenye ubao. Jaribio la MEIDEX, la wanasayansi wa Chuo Kikuu cha Tel Aviv, lilikuwa na kamera kwenye sehemu ya mizigo iliyokusudiwa kufuatilia vumbi la Sahara linalopeperuka juu ya Mediterania na Atlantiki, kwa kuwa vumbi hilo hubadili namna mawingu yanavyofanya mvua. Usiku, kamera hiyohiyo ilielekezwa kwenye upeo wa dunia kusaka mianga myekundu inayomulika kwa sehemu ndogo ya sekunde juu ya mawingu ya radi, makumi ya kilomita kwenda juu, ambayo rubani aliye chini ya wingu hawezi kuiona. Waliipata. Tarehe 20 Januari wakanasa pia mwanga mwekundu juu ya Bahari ya Hindi, karibu na Madagaska, ambao haukufanana na aina zilizokwisha kujulikana, na habari zake zikachapishwa mwaka 2005, wakati aliyekuwa nyuma ya kamera alikwisha kufariki. Kanda za video zilikuwa zikirushwa ardhini wakati safari inaendelea, ndiyo maana tunazo.

Niseme pia, kwa kuwa ni historia yetu: sayansi ya wanaanga iliwahi kuwa na mlango wake hapa Pwani. Unguja kulikuwa na kituo cha kufuatilia safari za Mercury, zile za kwanza za Wamarekani kwenda angani, hadi mwaka 1964, na mwanaanga John Glenn alipoizunguka dunia tarehe 20 Februari 1962, daktari aliyekuwa kwenye kituo hicho alimpima mapigo ya moyo kwa redio alipokuwa akipita juu.

Mteknolojia wa Maabara, Ilala

Nimesoma kwa furaha, ila naomba nitofautiane kidogo na Mhadhiri. Nembo ile inataja uvutano hafifu na kuishia hapo. Haisemi lolote kuhusu moto, mchanga, damu wala minyoo, na safari ilibeba majaribio yapatayo 80. Mkiwaambia wageni kwamba nembo inaeleza kazi ya sayansi, watatazama µg na miale na kuondoka wakidhani wameelewa. Mimi ningeiweka nembo kama mlango, na nafasi kubwa ya ubao ningeipa ile kazi ya mikono ambayo haikuchorwa popote.

Kazi hiyo ilikuwa ya kuchosha. Walijigawa zamu mbili. Rick Husband, Kalpana Chawla, Laurel Clark na Ilan Ramon walikuwa zamu nyekundu. William McCool, David Brown na Michael Anderson, aliyesimamia mizigo ya utafiti, walikuwa zamu ya bluu. Wa zamu moja wakilala, wengine wako ndani ya chumba cha utafiti cha SPACEHAB kilichounganishwa na chombo kwa njia nyembamba ya kupita. Miili yao yenyewe ilikuwa sehemu ya utafiti: walitoana damu, wakakusanya mkojo na mate, ili ijulikane jinsi mifupa inavyopoteza kalisi na jinsi kinga ya mwili inavyobadilika. Anayefanya kazi kama yangu anajua ugumu wa kushika sampuli ya damu ambayo haikai chini ya chupa, na kuandika kila lebo sawasawa usiku wa manane. Chembe za saratani ya tezi dume zilikuzwa pia katika chombo maalumu, kwa sababu ardhini huzama na kutandaa kwenye sakafu ya kisahani, lakini zikielea hujijenga kwa vipimo vyote vitatu kama zinavyokua ndani ya mgonjwa.

Na kwa swali la kilichosalia: si yote yaliyoteketea, na hili Mwalimu liandike kwa herufi kubwa. Majaribio mengi yalikuwa yakituma vipimo vyake kwa redio kila siku, ndiyo maana sehemu kubwa ya matokeo ya vile vimpira vya moto ilikuwa ardhini kabla ya tarehe 1 Februari. Sampuli za damu na chembe zilizohitaji kurudi zenyewe ndizo zilizopotea, na hasara hiyo ni halisi.

Kuna mawili ambayo hakuna aliyeyatarajia. Minyoo midogo ya aina ya C. elegans, yenye urefu wa kama milimita moja, ilikuwa ndani ya mikebe ya alumini kwa ajili ya kujaribu chakula kipya cha maabara. Mikebe hiyo iliokotwa Texas, na ilipofunguliwa mwezi Aprili 2003 minyoo ilikuwa hai. Kwa kuwa mzunguko wa maisha yao ni siku 7 hadi 10, waliokutwa walikuwa vizazi vya baadaye vya wale waliopanda. Kiumbe hai kilipita katika kuvunjika kwa chombo na kuanguka hadi chini bila rubani wala parashuti, na matokeo hayo sasa ni hoja nzito kwa wanaojiuliza kama uhai unaweza kusafiri ndani ya kimondo.

La pili ni zenoni. Gesi hiyo ikiwekwa kwenye joto la nyuzi 16.6 za Selsiasi na mgandamizo maalumu, hufika mahali ambapo huwezi kusema ni gesi au kimiminika. Hapa ardhini hali hiyo haikai, kwa sababu zenoni hujilemea yenyewe na sehemu ya chini huwa nzito kuliko ya juu. Ndani ya Columbia waliikoroga kwa wavu mwembamba na kupima ukinzani wake, na ikaonekana kwamba ikikorogwa kwa kasi hulainika, kama rangi ya ukutani inavyolainika chini ya brashi, jambo ambalo nadharia ilikuwa imelitabiri kwa kimiminika sahili kama hicho lakini hakuna aliyekuwa amelipima. Sehemu ya vipimo ilikuwa imetumwa ardhini, na nyingine ilibaki kwenye diski ya kompyuta iliyookotwa miongoni mwa mabaki ikiwa imeungua. Mafundi wa kampuni ya Kroll Ontrack huko Minnesota waliisafisha na kurejesha asilimia 99 ya kilichokuwemo, na matokeo yakachapishwa mwaka 2008 katika jarida la Physical Review E, miaka mitano baada ya ajali.

Kwa wanafunzi ningeongeza pia kwamba wenzao wa shule za Australia, China, Israeli, Japani, Liechtenstein na Marekani walikuwa na majaribio yao ndani ya chombo: buibui, nondo wa hariri, fuwele, mayai ya samaki, nyuki na sisimizi. Walikuwa na umri wao.

Fundi Darizi, Kariakoo

Mwalimu, kazi yangu ni kudarizi nembo za sare za shule na za kampuni, kwa hiyo nitasema yale ninayoyaona kwa jicho la fundi.

Kitu cha kwanza kilichonivutia kwenye nembo ya STS-107 ni umbo lake. Wamekata kitambaa kizima kwa umbo la chombo. Nembo nyingi ni duara au ngao, halafu chombo huchorwa ndani na kumeza nafasi yote. Hawa wameufanya ukingo wenyewe uwe chombo, nafasi ya ndani ikabaki huru kwa ile alama, jua na nyota. Huo ni ubunifu wa mtu aliyefikiri sana kabla ya kushika kalamu. Lakini ni umbo gumu kushona. Duara hufungwa kingo kwa mashine moja kwa mzunguko mmoja, uzi mnene ukiviringika juu ya ukingo. Kwenye ncha za mabawa na kona za mkia mashine hiyo haigeuki vizuri, kwa hiyo inabidi ukingo udarizwe kwa nyuzi za kulala zilizobanana, kisha kitambaa kikatwe kwa kisu cha moto ili kisifumuke.

Cha pili ni maandishi. Mchoro wowote kwanza hugeuzwa kwenye kompyuta kuwa njia ya sindano, rangi moja baada ya nyingine. Herufi ikiwa fupi kuliko milimita 5, matundu ya a na e huziba na jina halisomeki. Majina saba ya wale wanaanga yanatosha kwa sababu yamepewa ukingo mzima. Ninyi mkitaka kuweka majina ya wanafunzi wote wa klabu mtapata utepe wa nyuzi usiosomeka. Wanaanga wa Apollo 11, safari ya kwanza kutua mwezini, waliacha majina yao nje ya nembo kwa makusudi, ili iwe ya kila aliyeifanyia kazi safari ile, nami nawashauri mfuate njia hiyo.

Mtu akisema nembo hizi ni mapambo ya matangazo, mwambieni habari ya ile ya kwanza. Mwaka 1965 Gordon Cooper na Pete Conrad, wanaanga wa safari ya Gemini 5, walitengeneza nembo yenye gari la kukokotwa la walowezi wa zamani, na maneno ya kutamba kwamba ni siku nane au hakuna kitu. Wakubwa wao waliogopa kwamba siku nane zisipotimia watachekwa, wakaagiza maneno hayo yafunikwe kwa kipande cha kitambaa mpaka safari iishe. Ofisi ya matangazo isingebuni kitu kisha ikakifunika.

Mwalimu wa Temeke

Nawashukuru nyote. Mzee wangu wa Kigamboni, shikamoo, na tutakuja Februari na wanafunzi ikiwa wazazi wataruhusu. Dada Mteknolojia, hoja yako nimeichukua: nembo itakaa juu kushoto kama mlango, na theluthi mbili za ubao zitakuwa za kazi, zikianza na mikebe ya minyoo kwa kuwa wanafunzi wameipenda mno. Ajali itaelezwa kwa maneno machache na kwa heshima, ikiwemo kwamba tume ya uchunguzi ilitoa ripoti yake Agosti 2003 na kuonyesha udhaifu wa uongozi sambamba na kile kipande cha povu.

Limebaki suala la nembo yetu. Klabu inapima chumvi katika maji ya visima vya mtaani, kwa kuwa baadhi ya kaya za karibu na shule zinalalamika kwamba maji yao yameanza kuwa ya chumvichumvi. Wanafunzi wamechora roketi, darubini, ramani ya Afrika, mwenge na kitabu kilichofunguliwa, vyote ndani ya duara moja. Sitaki kuwavunja moyo, lakini naona hakuna kimoja kati ya hivyo kinachosema tunafanya nini.

Mhadhiri wa Fizikia, Mlimani

Waulize wanapima nini hasa na kwa kipimo gani. Bila shaka mnatumia kile kifaa cha kupima jinsi maji yanavyopitisha umeme, kwa kuwa chumvi ikizidi umeme hupita kwa urahisi zaidi. Basi alama ya kipimo hicho, au elektrodi mbili, yaani vile vijiti vya kupitishia umeme, ndani ya tone la maji, ndiyo µg yenu. Kuhusu hoja ya dada Mteknolojia, nakubaliana naye kwamba alama moja haielezi majaribio 80. Kinachonipa moyo kwenye nembo ya Clark na Chawla ni kwamba walichagua kile ambacho karibu majaribio yote 80 yalikitegemea, wakaacha mengine yote nje. Wanafunzi wako wakiweza kukubaliana kuhusu kitu kimoja ambacho kila kisima walichokipima kinakitegemea, mabishano hayo yenyewe yatakuwa somo zuri la sayansi, na nitakuja kusikiliza ukinialika.

Fundi Darizi, Kariakoo

Tone la maji lina ncha moja tu juu na mviringo chini, kwa hiyo mnaweza kulifanya liwe umbo la nembo nzima, kama wale walivyofanya kwa chombo chao, na kazi ya ukingo haitakuwa kubwa. Chagueni rangi tatu au nne. Mchoro uwe kwenye karatasi nyeupe kwa ukubwa wa nembo yenyewe, urefu wa sentimita 9 hivi, na jina la shule liwe na herufi za milimita 6 kwenda juu. Nitadarizi moja ya majaribio kwanza mwione kwenye shati la sare, mkiridhika ndipo tuhesabu idadi na bei.